Mstari wa 180

Mdogo wangu alinitumia barua ya ofa ya mkopo wa nyumba. Ilikuja kama picha za simu, ukurasa mmoja mmoja, mwingine umekatwa pembeni, na chini yake ujumbe: "Dada, niangalizie hilo rejesho la mwezi tu. Tutaliweza?"

Walikuwa wanaliweza. Nilijumlisha mishahara yao wawili, nikatoa ada za watoto na mengine ninayoyajua, pakabaki nafasi ya kupumua. Ningeweza kumjibu palepale na kurudi kwenye kazi zangu.

Ila picha ya mwisho ilikuwa ya jedwali la marejesho. Mistari 240, mmoja kwa kila mwezi wa miaka 20, na kwenye kila mstari kiasi unacholipa, kiasi kinachomezwa na riba, kiasi kinachopunguza deni lenyewe, kisha salio. Ukurasa huo husomwa na wachache sana. Nikaukuza, nikashuka kwa kidole hadi mstari wa 180, yaani mwisho wa mwaka wa 15, nikatafuta safu ya salio.

Nusu ya deni ilikuwa bado haijalipwa.

Robo tatu ya muda imekwisha, hakuna mwezi uliorukwa, na nusu ya deni bado iko palepale. Nilimjibu kwamba rejesho linawezekana, kwa sababu ndilo alilouliza. Mstari ule nikabaki nao mwenyewe, wiki baada ya wiki, nikiupigia hesabu hata pale ambapo watu wengine huota ndoto.

Deni la 100

Kiasi cha mkopo wao si changu kukitaja. Tuchukue deni la 100, la sarafu yoyote. Ongeza sifuri unazotaka, uwiano haubadiliki. Riba iwe asilimia 12 kwa mwaka, inayokokotolewa kila mwezi juu ya salio. Muda miaka 20, rejesho lilelile kila mwezi.

Rejesho linakuwa 1.10 kwa mwezi. Jumla yake kwa miaka 20 ni 264.

Hiyo 264 ndiyo namba inayowashtua watu wengi. Mimi haikunishtua sana, maana kila aliyewahi kukopa anajua kwamba atarudisha zaidi ya alichochukua. Kilichonikaa rohoni ni mwendo wa deni lenyewe. Mwezi wa kwanza, katika ile 1.10, riba inachukua 1.00 na deni linapungua kwa 0.10. Mwaka wa tano ukiisha umeshalipa 66, na deni la 100 limefika 92 hivi. Mwaka wa kumi ukiisha umelipa 132, maana yake umerudisha chote ulichokopa na karibu theluthi juu yake, na bado unadaiwa 77. Mwaka wa 15 umelipa 198 na unadaiwa 49.5. Na ni ndani ya mwaka huo wa 15 tu ndipo, kwa mara ya kwanza, zaidi ya nusu ya rejesho inaingia kwenye deni lenyewe.

Dawa ya deni ni kulipa, tumeambiwa tangu utotoni. Dozi haikutajwa.

Je, tunaibiwa?

Kuna maelezo yanayozunguka sana mitaani: kwamba benki "inajichukulia riba yake kwanza", halafu deni lako linafuata baadaye. Nimeyasikia hata kwa watu waliosoma hesabu. Yanaridhisha, kwa sababu yanampa mtu wa kumlaumu, lakini jedwali halisemi hivyo.

Asilimia 12 kwa mwaka ni asilimia 1 kwa mwezi. Mwezi wa kwanza unadaiwa 100, kwa hiyo riba ni 1. Mwezi wa 181 unadaiwa 49.5, kwa hiyo riba ni 0.495. Kila mwezi unatozwa kwa kile tu ambacho bado unakishikilia. Riba ni nene mwanzoni kwa sababu deni ni nene mwanzoni, basi.

Kinacholifanya deni litambae ni sharti tunalolipenda wenyewe: rejesho liwe sawa mwezi wa kwanza na mwezi wa mwisho. Upo mpango mwingine. Unaweza kupunguza deni kwa kiasi kilekile kila mwezi, 0.417 kwa mfano wetu, kisha ukaongeza riba ya mwezi huo juu yake. Rejesho la kwanza linakuwa 1.42, la mwisho 0.42, na jumla yote ni 220.5 badala ya 264. Umeokoa 44 kwa riba ileile, muda uleule na benki ileile.

Sasa jiulize nani angeuchagua. Rejesho la kwanza ni kubwa kwa karibu asilimia 29, na linakuja katika miezi ambayo familia ndiyo kwanza imemaliza kutoa malipo ya awali, imelipa mwanasheria, imehamisha vitu na kugundua kwamba madirisha ya nyumba mpya hayana mapazia. Mimi ile 44 naiona kama bei ya kununua miaka ya mwanzo isiyo na kabari shingoni. Si bei ya kipuuzi. Ila ingekuwa vizuri mtu aambiwe kwamba anainunua.

Na kuna jambo lililonipunguzia hasira kabisa. Kabla ya miaka ya 1930, mikopo mingi ya nyumba nchini Marekani ilikuwa ya miaka michache, na mingi kati yake ilimtaka mkopaji alipe riba peke yake, kisha siku ya mwisho aje na deni zima mkononi. Wengi hawakuwa nalo. Walitegemea kukopa upya. Uchumi ulipoporomoka kuanzia 1929, benki zikaacha kukopesha upya na watu wakapoteza nyumba. Serikali ikaunda Home Owners' Loan Corporation, shirika la kuwakopesha upya wenye nyumba, mwaka 1933, na mwaka uliofuata Federal Housing Administration, ofisi ya kudhamini mikopo ya nyumba, na kwa njia hizo ukaenea mkopo mrefu unaolipwa kidogo kidogo mpaka salio linafika sifuri lenyewe.

Kwa hiyo jedwali hili lenye mistari inayochosha lilienea kama ahueni. Mwendo wake ni wa kobe, lakini linafika.

Miaka inayoongezwa kwa upole

Hapa ndipo nilipoanza kuona hatari ya kweli, na haimo kwenye riba iliyoandikwa kwa wino mzito. Imo kwenye muda.

Ofisa mikopo akiona rejesho linakubana, msaada wake wa kwanza ni kukuongezea miaka. Anafanya kwa nia njema, nawe unashukuru. Tazama kinachotokea kwenye deni letu la 100 kwa asilimia 12. Kwa miaka 15 rejesho ni 1.20 na jumla ni 216. Kwa miaka 20 ni 1.10 na 264. Kwa miaka 25 ni 1.05 na 316. Kwa miaka 30 ni 1.03 na 370.

Linganisha mbili kati ya hizo: kutoka miaka 20 hadi 30, rejesho linashuka kwa chini ya asilimia 7, na jumla inapanda kwa 106. Yaani unalipa nyumba nyingine nzima, na zaidi kidogo, ili upate nafuu ya 0.07 kwa mwezi.

Nililiwazia hili sana mpaka nikaona sababu yake, nayo ni rahisi kiasi cha kuudhi. Riba ya mwezi wa kwanza ni 1.00. Rejesho haliwezi kushuka chini ya hapo hata ukipewa miaka 100, kwa sababu likishuka deni litaanza kukua. Ukiwa kwenye 1.10 umeshakaribia sakafu. Miaka yote inayoongezwa baada ya hapo inagombania kile kipande kidogo cha 0.10 kilichobaki.

Riba ikiwa ndogo mambo ni tofauti. Kwa asilimia 6, kutoka miaka 20 hadi 30 rejesho linashuka kutoka 0.72 hadi 0.60, nafuu ya asilimia 16, na jumla inapanda kutoka 172 hadi 216. Hapo mtu mwenye akili timamu anaweza kuamua kuongeza miaka na nisimshangae. Kinyume chake ndicho kinachosikitisha: anayekopa kwa riba kubwa ndiye rejesho linambana zaidi, ndiye anayekimbilia kuongeza miaka, na ndiye ambaye miaka hiyo haimsaidii karibu chochote.

Hiyo 264 ni ya lini?

Kwa siku kadhaa nilitembea na 264 kichwani kana kwamba nimegundua siri. Kisha ikaanza kunisumbua yenyewe.

Tunajumlisha pesa ya mwezi ujao na pesa ya mwaka wa ishirini kana kwamba ni kitu kimoja. Sivyo. Bei zikipanda kwa asilimia 5 kila mwaka, baada ya miaka 20 kinachonunuliwa na 100 kitakuwa sawa na kinachonunuliwa na 38 leo. Rejesho la mwisho limeandikwa 1.10, lakini uzito wake utakuwa wa 0.42 hivi. Nilirudisha marejesho yote 240 kwenye thamani ya leo kwa mfumuko huo wa bei, nikapata 168.

Kwa hiyo gharama halisi ya kushika 100 za mwenzio kwa miaka 20, kwa mfano huu, ni kama 68 za leo. Bado ni pesa. Lakini si 164 zile ambazo watu huzitaja ili kukutisha usikope.

Hapo nikawaelewa wazee wanaosema marejesho ya nyumba yao yaliwatesa miaka ya mwanzo, kisha yakaja kuwa kitu cha kulipwa bila kufikiriwa. Deni halikupungua kwa kasi. Pesa ndiyo iliyopungua uzito, na mishahara ikapanda huku rejesho limesimama.

Ila zawadi hiyo ina sharti. Rejesho lazima lisimame.

Riba inayotembea

Mikopo mingi ya nyumba duniani haina riba ya kudumu. Marekani wamezoea riba moja kwa miaka 30, na ndiyo maana mtu aliyekopa Januari 2021, wakati wastani wa riba hiyo ulipofika asilimia 2.65, hakuguswa na lolote wastani ulipokaribia asilimia 7.8 Oktoba 2023. Uingereza hali ni nyingine: kwa kawaida riba hushikiliwa miaka miwili au mitano, kisha unaingia sokoni tena. Benki Kuu ya huko iliipandisha riba yake kutoka asilimia 0.1 mwishoni mwa 2021 hadi 5.25 Agosti 2023, na waliokuwa wanamaliza vipindi vyao katikati ya hapo walikutana na marejesho mapya ambayo hawakuyapangia.

Na bei zikipanda, benki kuu hupandisha riba. Maana yake mfumuko uleule unaompunguzia mzigo mwenye riba iliyosimama unamwongezea mwenye riba inayotembea, angalau kwa kipindi fulani. Zawadi niliyoieleza hapo juu inapitia dirishani.

Kwenye deni letu la 100, tuseme miaka mitano imepita, salio ni 92 kasoro kidogo, na riba inapanda kutoka asilimia 12 hadi 14. Pointi mbili tu. Benki ina njia mbili. Ya kwanza ni kupandisha rejesho: kutoka 1.10 hadi 1.22, ongezeko la asilimia 11. Inauma, utapiga simu, utalalamika, utapunguza kitu nyumbani. Ya pili ni kuliacha rejesho lilivyo na kurefusha muda.

Hiyo ya pili haiumi hata kidogo. Miaka iliyobaki ilikuwa 15. Sasa inakuwa zaidi ya 25.

Niliipiga hesabu hiyo mara ya pili kwa sababu sikuiamini. Sababu yake ni ileile sakafu: kwa asilimia 14 riba ya mwezi juu ya salio hilo ni 1.07, na rejesho ni 1.10, kwa hiyo kinachobaki kupunguza deni ni 0.03. Riba ingepanda kidogo zaidi, isingebaki hata hiyo; ungelipa kila mwezi na deni likaongezeka. Na mtu aliyepata barua ya aina hii, akaona rejesho halijabadilika, akaiweka kwenye droo, amepokea miaka kumi ya deni bila kusikia mlio wowote.

Wapo waliokutana na kisa kibaya zaidi. Huko Polandi na Hungaria, miaka ya kabla ya 2008, watu wengi walikopa nyumba kwa faranga za Uswisi kwa sababu riba yake ilikuwa ndogo, huku mishahara yao ikiwa ya sarafu za kwao. Faranga ikapanda thamani. Kisha tarehe 15 Januari 2015 Benki Kuu ya Uswisi ikaacha ghafla kuizuia isipande dhidi ya yuro, ikaruka siku hiyohiyo. Hungaria ilikuwa imeshaanza kuigeuza mikopo hiyo kuwa ya sarafu yake. Polandi kesi zake mahakamani ziliendelea kwa miaka mingi. Riba ndogo ilikuwa kweli ndogo. Deni ndilo lililokuwa likipimwa kwa mizani ya watu wengine.

Wanaoshukia njiani

Mpaka hapa nimezungumza kana kwamba kila mkopaji anafika mstari wa 240. Wengi hawafiki. Wanahama kikazi, wanaachana, wanapata watoto zaidi ya vyumba, wanauza, au wanahamishia mkopo benki nyingine yenye masharti mazuri. Kwa hiyo jumla ya miaka 20, iwe 264 au 168, kwa mtu wa namna hii ni hadithi ya safari asiyoisafiri.

Kinachomhusu ni salio la siku atakayoshuka.

Mwishoni mwa mwaka wa saba, umelipa 92 na nusu na unadaiwa 87. Ukiuza siku hiyo, 87 inakwenda benki kabla hujashika chochote, halafu dalali, halafu kodi na ada za uhamisho, na pengine adhabu ya kulipa mapema. Bei ya nyumba ikiwa imepanda vizuri, unatoka na furaha. Ikiwa imesimama, umekaa miaka saba kama mpangaji aliyekuwa akijilipia na matengenezo ya paa. (Wadenmaki wana utaratibu ninaowaonea wivu: mkopo wa nyumba umefungwa na hatifungani, yaani hati ya deni inayouzwa na kununuliwa sokoni, na riba zikipanda bei ya hatifungani hiyo hushuka, hivyo mkopaji anaweza kuinunua na kufuta deni lake kwa pungufu ya kilichoandikwa.)

Kuhamisha mkopo ndiko kuliko na mtego nisioutarajia. Tuseme mwaka huo wa saba benki nyingine inakupa asilimia 11 badala ya 12. Habari njema. Unachukua ile 87, na kwa kuwa fomu yao imeandikwa miaka 20, unasaini miaka 20 mipya. Rejesho linashuka kutoka 1.10 hadi 0.90. Nyumbani mnasherehekea.

Jumla ya ulicholipa na utakacholipa imekuwa 307.

Ukichukua asilimia 11 hiyohiyo lakini ukasisitiza ibaki miaka 13 iliyokuwa imesalia, rejesho ni 1.05 na jumla ni 256. Benki ni ileile na riba ni ileile; tofauti ya 51 imetoka kwenye kisanduku kimoja cha fomu. Umerudishwa mwanzo wa jedwali, kule ambako rejesho karibu lote ni riba, na umerudishwa huku ukipongezwa kwa kupata nafuu.

Wanaofanya hivi mara mbili tatu katika maisha huingia uzeeni wakiwa bado kwenye mistari ya juu.

Yasiyo kwenye jedwali

Haya nayapitia haraka kwa sababu kila mkopaji huyajua akishayalipa. Ada ya kushughulikia mkopo, mthamini, mwanasheria, usajili wa dhamana, bima ya nyumba, bima ya maisha inayolipa deni ukifa. Baadhi hulipwa mara moja, baadhi kila mwaka, na baadhi huongezwa ndani ya mkopo wenyewe ili zisikuumize leo, kisha zikatozwa riba kwa miaka 20 pamoja na nyumba. Ada ya 2 iliyoingizwa kwenye mkopo wetu inakuwa 5.3 hadi mwisho. Ukiwa nayo taslimu, ilipe ukaachana nayo.

Sheria za nchi kadhaa zimejaribu kuyakusanya haya mahali pamoja. Marekani kwa sheria ya 1968 inamtaka mkopeshaji aonyeshe kiwango kimoja cha mwaka kinachojumuisha riba na ada zinazohusika, na Umoja wa Ulaya kwa agizo la 2014 unataka mkopaji apewe karatasi ya taarifa yenye mpangilio mmoja ili alinganishe ofa. Hata pale ambapo sheria haisemi, hakuna kinachokuzuia kuuliza: nikijumlisha kila kitu, riba yangu halisi ni ngapi? Na uulize kama riba inatozwa juu ya salio linalopungua au juu ya deni la mwanzo muda wote. Asilimia 12 ya aina ya pili, kwa miaka 20, inakutoza 240 badala ya 164. Kwenye tangazo zinafanana kabisa.

Wanaotumia murabaha wamelikwepa swali moja hapa: benki inainunua nyumba na kukuuzia kwa bei inayotajwa siku ya kwanza, kwa hiyo jumla unaijua kabla ya kalamu kugusa karatasi. Si lazima iwe nafuu. Lakini mazungumzo yanaanza kwenye jumla, si kwenye rejesho, na nafikiri mazungumzo hayo ni ya kiutu uzima zaidi.

Na kodi ya pango? Najua kuna atakayesema mpangaji analipa miaka 20 na hana hata tofali. Ni kweli, nami sisemi watu wasikope. Ila linganisha kodi na kitu sahihi. Rejesho zima silo. Linganisha na riba, bima, matengenezo na ada, zile pesa zisizorudi. Katika miaka mitano ya mwanzo ya mfano wetu, kati ya 66 zilizolipwa, karibu 58 ni riba. Kama kodi ya nyumba ya aina hiyo kwa kipindi hicho ni chini sana ya hapo, na huna hakika utakaa, mpangaji si mjinga.

Rejesho moja la ziada

Jedwali lilelile lililonikosesha raha lina upande wa pili, na ndio niliomwandikia mdogo wangu kwa urefu mpaka akaniambia nitume kwa sauti.

Mwezi wa kwanza deni linapungua kwa 0.10. Ukiweka rejesho moja la ziada mwezi huo, 1.10 nzima inaingia kwenye deni, kwa sababu riba ya mwezi imeshalipwa. Umeruka mistari kumi. Marejesho kumi ya mwisho yamefutika, kwa moja la leo. Ukiliweka rejesho hilohilo mwaka wa 15, unafuta mawili hivi.

Au ongeza asilimia 10 kwenye kila rejesho tangu mwanzo, ulipe 1.21 badala ya 1.10. Mkopo wa miaka 20 unaisha kabla ya miaka 15 kutimia, na jumla inashuka kutoka 264 hadi 213 hivi. Ile nafuu ya kuongeza miaka, ukiigeuza kinyume, inakuwa na nguvu ya kushangaza: karibu na sakafu, kila senti inayozidi riba ni deni linalokatika.

Yapo masharti. Mkataba useme kwamba ziada inapunguza deni siku ileile inapoingia. Benki nyingine huiweka kando kama rejesho la mwezi ujao lililowahi, na hapo haujaruka mstari wowote. Useme pia kama kuna adhabu, na kama muda ndio utakaofupishwa au rejesho ndilo litakaloshushwa. Omba muda. Kisha baada ya ziada ya kwanza, omba jedwali jipya ulione kwa macho.

Shaka yangu iliyobaki ni moja, na sijaimaliza. Pesa ukishaitia kwenye deni la nyumba imeingia ukutani. Ukipoteza kazi mwezi ujao, benki haitakukumbuka kwa ziada ulizoweka mwaka jana, itataka 1.10 yake kama kawaida, na mtu aliyepunguza deni hadi 80 lakini hana akiba anaweza kunyang'anywa nyumba mapema kuliko anayedaiwa 95 na ana marejesho ya nusu mwaka pembeni. Hesabu inasema weka ziada mapema iwezekanavyo. Maisha yanasema weka akiba kwanza. Kwa riba ya asilimia 12 kila mwezi wa kusubiri una bei yake, na bei hiyo ningeilipa: ningejaza kwanza marejesho ya miezi sita mahali ninapoweza kuyafikia, halafu kila kinachozidi, hata kiwe kidogo cha aibu, kiende kwenye deni katika ile miaka ya mwanzo ambayo mstari mmoja unafuta kumi.

Na ningeuliza, kabla ya kusaini chochote, salio litakuwa ngapi mwishoni mwa mwaka wa saba.